Mhusika hadithini, kinda kiotani: Historia ya somo tunalolipuuza

NENO mhusika tumelizoea mno hata tumeacha kulisikia. Katika lugha nyingi za Ulaya, istilahi inayokaa mahali pake ilitoka kwa Wagiriki wa kale, na maana yake ya awali ilikuwa chapa iliyogongwa juu ya kitu, mithili ya ile iliyo kwenye sarafu. Ukiitazama chapa, unajua papo hapo thamani ya sarafu. Huna haja ya kuuliza zaidi. Kiswahili kilifuata njia yake. Mhusika anatokana na kitenzi kuhusika. Ni yule ambaye jambo linamgusa, limemkumba, hawezi kujitoa. Chapa hutazamwa, anayehusika huulizwa maswali.

Tofauti hii haiwahusu wanaisimu pekee. Juma hili ninataka kuonyesha kwamba katika madarasa yetu tunawafundisha watoto chapa, ilhali lugha yetu yenyewe inatuelekeza kwenye kuhusika. Ninataka pia kuonyesha kuwa hasara yake haikomei kwenye karatasi ya mtihani. Inafika hadi kwenye mti ulio nyuma ya nyumba, kwenye tundu ambamo ndege ametaga. Msomaji anivumilie, maana safari yenyewe ni ndefu na itapitia Ugiriki, Uingereza na Marekani kabla ya kurudi kwetu.

Kwa zaidi ya miaka 30 nimekuwa nikikaa nyuma ya madarasa nikiwatathmini walimu wanafunzi walio katika mazoezi ya kufundisha. Somo la wahusika nalitambua toka mbali. Mwalimu anaandika ubaoni, "Sifa za Sungura." Anapiga mstari. Mjanja, mwerevu, mwongo, mwepesi wa kufikiri. Kisha, "Sifa za Fisi." Mlafi, mjinga, mwoga. Watoto wananakili, kengele inalia, basi. Hakuna aliyeuliza Fisi alikuwa na njaa ya siku ngapi. Hakuna aliyeuliza Sungura alijua nini ambacho mwenzake hakukijua. Wala hakuna aliyemwambia mtoto, hebu wewe jiweke mahali pa Fisi, ungefanyaje?

Simlaumu mwalimu kijana. Utaratibu huu una ukoo mrefu. Theophrastus, mwanafunzi wa Aristotle, aliandika katika karne ya 4 kabla ya Kristo kitabu kidogo chenye picha 30 za aina za watu, wakiwemo mwenye kujipendekeza, bahili na mpayukaji. Bwana huyu ndiye pia aliyeandika vitabu vikubwa vya kuainisha mimea, hata wengi humwita baba wa elimu ya mimea. Aliwapanga watu kama alivyopanga miti. Karne nyingi baadaye, mwaka 1927, mwandishi Mwingereza E. M. Forster aligawa wahusika wa riwaya katika makundi mawili, wale walio bapa na wale walio duara. Bapa ana sifa moja unayoweza kuitaja kwa sentensi moja. Duara ana uwezo wa kutushangaza nasi tukakubali. Istilahi hizi zimo katika vitabu vyetu vya fasihi hadi leo, na kila mwanafunzi wa sekondari anazikariri. Ajabu ni kwamba tunamfundisha mtoto jina la mhusika duara kwa njia iliyo bapa kabisa.

Sasa ndege wanaingiaje hapa?

Wanaingia kupitia fasihi ya watoto yenyewe. Ilipoanza kushika mizizi Uingereza katika karne ya 18, mojawapo ya maswali yaliyowashughulisha waandishi lilikuwa hili: utamzuiaje mtoto asitese kiumbe kidogo kuliko yeye? Mwanafalsafa John Locke alikuwa ameligusa mwaka 1693 katika maandishi yake kuhusu malezi. Aliona kwamba watoto wakimpata kinda wa ndege au kipepeo humtesa kwa raha, na akashauri wazoeshwe mapema kuvihurumia viumbe, kwani anayezoea kumtesa mnyama hatakuwa na huruma kwa binadamu. Wazee wetu wangesema samaki mkunje angali mbichi.

Lakini je, hadithi za wanyama zinaweza kuifanya kazi hiyo? Jean-Jacques Rousseau alisema hapana. Katika kitabu chake cha malezi cha mwaka 1762 aliichambua ngano ya kunguru na mbweha kama ilivyosimuliwa na La Fontaine. Mbweha anamsifu kunguru kwa maneno matamu, kunguru anafungua mdomo aimbe, jibini inaanguka, mbweha anaila. Mwalimu anatarajia mtoto ajifunze kutodanganywa na sifa. Rousseau akauliza, mtoto huwa upande wa nani? Hataki kuwa kunguru aliyechekwa. Anataka kuwa mbweha aliyeshiba. Kwa hiyo badala ya kujifunza kujihadhari na mlaghai, anajifunza ulaghai.

Yeyote aliyewahi kuwasimulia watoto wa Kenya hadithi za Sungura anajua kwamba Rousseau hakukosea katika uchunguzi wake. Watoto wetu humpenda Sungura, na si kwa unyofu wake. Suluhisho alilolitoa, la kumwondolea mtoto ngano hizo, ndilo ninalolikataa. Tukilifuata tutabaki na nini? Dawa ni kuuliza swali lake mbele ya watoto wenyewe: wewe uko upande wa nani, na kwa nini?

Miaka 24 baadaye, mwanamke mmoja alijaribu njia nyingine. Sarah Trimmer aliishi Brentford, karibu na London, na alikuwa mama wa watoto 12. Mwaka 1786 alichapisha kitabu alichokiita Fabulous Histories, ambacho baadaye kilijulikana zaidi kwa jina la ndege waliomo, aina ya robini. Ndani yake mna familia mbili zinazoishi jirani. Moja ni ya Bi Benson na wanawe Harriet na Frederick. Ya pili ni ya robini wawili waliojenga kiota ukutani katika bustani ya miti ya matunda, wakaangua makinda wanne: Robin, Dicksy, Flapsy na Pecksy. Msomaji anapelekwa nyumbani, kisha kiotani, kisha nyumbani tena. Mama huku anawafunza wanawe adabu, na mama kule anawafunza wanawe kuruka. Robin, kifunguamimba mwenye kiburi, anapuuza maelekezo ya babake na anaumia.

Tazama alichokifanya Trimmer. Ndege wake wanaitwa kwa majina, wanagombana, wanaogopa, wanaoneana wivu. Mtoto akishamjua Pecksy kwa jina, ataona taabu kuingiza mkono katika tundu na kumtoa Pecksy mwingine. Ili tuone tofauti, Trimmer alimweka hadithini Edward Jenkins, mvulana anayefurahia kuwatesa wanyama, na dada yake Lucy. Lucy anafundishika. Edward hafundishiki, na mauti yanamfika kutokana na farasi aliyekuwa akimpiga bila huruma. Yumo pia Bi Addis, ambaye amewapenda wanyama wake wa kufugwa hadi akawasahau wanawe. Huyo naye anakosolewa. Mwandishi hakutaka msomaji adhani kwamba kumpenda ndege ni kumdharau mtu.

Trimmer alikuwa na hofu moja. Katika utangulizi aliwatahadharisha wasomaji wasidhani kwamba mazungumzo ya ndege ni ya kweli, bali wayachukulie kama ngano zenye mafunzo. Mama huyu hakuwa na masihara. Kati ya mwaka 1802 na 1806 alihariri jarida la kuhakiki vitabu vya watoto, mojawapo ya majarida ya kwanza kuifanya kazi hiyo kwa dhati, na humo hadithi za kimazingaombwe hazikupata nafasi nzuri. Hata hivyo, alipotaka mtoto ahusike na kiota, ilimbidi awape ndege ulimi.

Kwetu pwani, hofu hiyo ingewachekesha wazee. Mmisionari Edward Steere alipokusanya hadithi za Waswahili huko Unguja na kuzichapisha London mwaka 1870, mojawapo ilikuwa ya kima, papa na punda wa dobi. Papa anamwalika kima kwao baharini, kumbe moyo wake unatakiwa uwe dawa ya sultani. Kima anajiokoa kwa kudai kwamba moyo ameuacha mtini. Kisa hiki kina jamaa zake katika Panchatantra ya Wahindi, na katika Kalila wa Dimna, kitabu ambacho Ibn al-Muqaffa alikitia katika Kiarabu katika karne ya 8. Kimesafiri kwa jahazi na kwa vinywa kwa karne nyingi, na sijapata kusikia mtoto wa Lamu au Mombasa aliyekwenda ufuoni kuzungumza na papa. Msikilizaji wa ngano anajua anasikiliza ngano. Swali ni lile lile la Rousseau: anaondoka na nini?

Tuache vitabu kidogo, tuende kwenye masanduku.

Charles Waterton alizaliwa mwaka 1782 na kufariki mwaka 1865. Alikuwa bwanyenye wa Yorkshire, kaskazini mwa Uingereza, mwenye makazi yaliyoitwa Walton Hall. Alilizungushia shamba lake ukuta mrefu wa takriban maili 3, akapiga marufuku bunduki humo, akawatengenezea ndege mahali pa kutagia. Wanahistoria wengi wanamtaja kama mmoja wa waasisi wa masanduku ya viota na wa hifadhi za ndege kwa maana tunayoijua leo. Kwangu mimi kisa chake kitamu zaidi ni cha bundi.

Waterton alisimulia kwamba hadi mwaka 1813 bundi walipata taabu Walton Hall. Mtunza nyumba wao, mwanamke mzee, aliiogopa sauti ya bundi kwa kuwa tangu ujana wake alikuwa amesikia misiba iliyoletwa na ndege huyo katika nyumba za watu. Je, msomaji, hayo si maneno ya nyanya yako? Waterton hakubishana. Juu ya magofu ya lango la zamani alijenga kichumba cha mawe na chokaa, upana wake kama futi 4, akakiwekea gogo la mwaloni la kutulia. Baada ya mwezi mmoja hivi, bundi wawili wakahamia.

Kisha akafanya jambo ambalo ningependa kila mwalimu wa fasihi alijue. Bundi humeza panya mzimamzima, halafu hutapika vidonge vya manyoya na mifupa. Waterton alivikusanya vidonge hivyo na kuvipasua, akakuta katika kila kimoja mifupa ya panya wadogo wanne hadi saba. Katika muda wa miezi 16 bundi wale walikuwa wamerundika zaidi ya busheli moja ya vidonge, yaani kama madebe mawili hivi. Kwa mtunza nyumba, bundi alikuwa na sifa moja tu: mleta msiba. Kwa aliyepasua vidonge, bundi alikuwa mlinzi wa ghala. Ndege ni yule yule. Kilichobadilika ni ushahidi.

Mtihani wetu wa fasihi hudai kitu hicho hicho kila mwaka. "Thibitisha kwa kurejelea hadithi." Kumbe mtoto anaweza kuthibitisha bundi ni nani kwa kurejelea kidonge.

Hata hivyo, Uingereza ya Waterton haikubadilika mara moja. Kupekua viota na kukusanya mayai kuliendelea kuwa mchezo wa wavulana na hata shughuli ya watu wazima wenye elimu. Sheria ya kuwalinda ndege wa baharini ilipitishwa mwaka 1869. Chama cha kulinda ndege kilichoanzishwa na wanawake, akiwemo Emily Williamson wa Manchester, kilizaliwa mwaka 1889. Lakini sheria pana iliyokataza kuchukua mayai ya takriban ndege wote wa porini ilingoja hadi mwaka 1954. Kutoka kitabu cha Trimmer hadi sheria hiyo ni miaka 168. Hadithi hufanya kazi polepole, na haifanyi peke yake.

Upande wa Marekani, somo hili lilipata mwalimu maarufu katika Thornton Burgess, aliyezaliwa Massachusetts mwaka 1874. Tangu mwaka 1912 alikuwa akiandika hadithi za watoto za kabla ya kulala katika magazeti ya kila siku. Mwaka 1919 alitoa kitabu cha ndege kwa watoto, kilichochorwa na Louis Agassiz Fuertes, mchoraji hodari wa ndege. Humo sungura aitwaye Peter anazunguka akiwahoji ndege mmoja mmoja. Yumo Jenny Wren mwenye domo, yumo ndege wa buluu mpole, na yumo shomoro aliyepewa jina la Bully, maana yake mwonevu. Bully ananyang'anya wenzake matundu ya kuzalia.

Sasa hapa pana mtego. Tabia aliyopewa Bully ina ukweli ndani yake. Shomoro wa Ulaya huingia katika tundu la ndege wa buluu, huyavunja mayai, huwaua makinda na hata mama yao. Lakini shomoro hakujileta. Watu ndio waliomvusha bahari ya Atlantiki na kumwachilia Brooklyn mwanzoni mwa miaka ya 1850. Mwaka 1890 na 1891, Eugene Schieffelin naye akaachilia takriban kwezi 100 wa Ulaya katika bustani ya Central Park, New York. Kwezi naye huzalia matundu. Miti mikavu ikakatwa, wageni wakajaza matundu yaliyobaki, na ndege wa buluu akaanza kupungua. Mtoto akiishia kwenye jina la Bully, ataondoka na chuki dhidi ya shomoro. Akiulizwa ni nani aliyemleta shomoro, ataanza kuwaona wahusika wengine, wale wa miguu miwili wasio na manyoya.

Waliomwokoa ndege wa buluu walikuwa watu wa nyua za nyuma na kando za barabara. Katika miaka ya 1930, T. E. Musselman wa Quincy, Illinois, alianza kutundika masanduku kwa safu katika barabara za mashambani. Lawrence Zeleny aliifufua kazi hiyo na mwaka 1978 chama cha ndege wa buluu cha Amerika Kaskazini kikaanzishwa.

Masanduku yao yanaonyesha akili iliyotumika. Mlango wa duara una kipenyo cha milimita 38. Kwa nini? Kwa sababu ndege wa buluu anapita hapo na kwezi hapiti. Mbele ya mlango hapawekwi kijiti cha kutua, maana ndege wa buluu hakihitaji ilhali shomoro hukitumia kuvamia. Sanduku halipigiliwi mtini, linawekwa juu ya nguzo ya chuma yenye kizuizi cha bati ili nyoka na wanyama wapandao wasifike. Ubavu mmoja unafunguka ili pasafishwe. Na kwa kuwa shomoro, tofauti na kwezi, anapenya hata katika milimita 38, lazima mtu apite kila wiki akague. Sanduku lisilo na mlinzi linaweza kuwa mtego wa kuwaulia makinda.

Ukitafakari, mtengenezaji wa sanduku hilo ni msomaji mzuri wa wahusika. Hakuandika ubaoni kwamba kwezi ni mbaya. Aliuliza: huyu ana umbo gani? Anataka nini? Anapita wapi? Anamwogopa nani? Kutokana na majibu akatoboa tundu. Akikosea milimita chache, makinda wanakufa.

Haya, turudi nyumbani.

Sisi pia tuna Bully wetu. Kunguru wa Bara Hindi alipelekwa Unguja mwishoni mwa karne ya 19, na kufikia katikati ya karne iliyofuata alikuwa ameingia Mombasa. Leo anapora mayai na makinda ya ndege wa asili katika pwani nzima. Watu wanasema kunguru hafugiki. Kweli, lakini jalala analolia sisi ndio tunaolijaza. Mtoto wa Likoni akiandika insha kuhusu kunguru, ningetamani aandike pia kuhusu taka.

Tuna pia mhusika duara ambaye hakuna mwandishi aliyemwumba. Ni yule ndege anayewaongoza watu kwenye asali. Katika jamii nyingi za Afrika husimuliwa kwamba ukimnyima fungu lake, safari nyingine atakupeleka kwa simba au nyoka. Mwaka 1989 mtafiti Mkenya Hussein Isack, pamoja na Heinz-Ulrich Reyer, walichapisha katika jarida la Science utafiti kuhusu ndege huyu na Waborana wa kaskazini mwa Kenya. Bila ndege, warina asali walihitaji wastani wa saa 8.9 kupata mzinga mmoja. Wakiongozwa naye, saa 3.2. Rafiki wa kweli, sivyo? Ila rafiki huyu hajengi kiota. Hutaga katika tundu la ndege mwingine, na kinda wake huanguliwa akiwa na kulabu mdomoni anazozitumia kuwaua makinda wa mwenye nyumba. Mwandikie mtoto hayo mawili kisha umwombe sifa za mhusika. Neno moja halitamtosha.

Lakini anayenisumbua zaidi ni bundi. Katika masimulizi ya jamii zetu nyingi yeye ni ndege wa uchuro. Akilia juu ya paa, mtu atakufa. Hadithi imemgonga chapa, na chapa hiyo inaua: bundi hupigwa mawe na mitutu ya manati, na tundu lake huchomwa. Halafu mwaka ukigeuka tunalia panya wamemaliza mahindi ghalani, tunanunua sumu, panya anayumba nayo, na bundi aliyesalia anammeza panya huyo na kufa pia.

Msiniambie imani haibadiliki. Katika bonde la Beit She'an nchini Israeli, wakulima walianza kutundika masanduku ya bundi mashambani mwaka 1983 ili kupunguza panya na matumizi ya sumu. Mwaka 2002 wakulima wa Jordan, ng'ambo ya mto, nao walijiunga, ingawa huko pia wengi walimwona bundi kuwa ndege wa nuksi. Bundi hakubadilika tabia. Watu walimsoma upya.

Kwa hiyo ninawapendekezea walimu jambo lisilohitaji bajeti. Muhula ujao, kabla ya kuandika "sifa za" ubaoni, waulizeni watoto maswali manne kuhusu mhusika. Anataka nini? Anaogopa nini? Ni nani aliyetuambia kwamba yuko hivyo, na yeye anafaidi nini? Ushahidi uko wapi? Wakishayajibu kuhusu Sungura, wayajibu kuhusu ndege mmoja aliye karibu na shule: shomoro wa chini ya paa, hudihudi aliye katika shina bovu, au bundi wa mnara wa kanisa. Wamtazame kwa wiki mbili kutoka mbali, waandike wanachokiona na si walichoambiwa. Wasipande, wasichungulie ndani, kwa kuwa ndege aliyetishwa anaweza kuwatelekeza makinda. Kama kuna vidonge chini ya mti wa bundi, mwalimu avikaushe juani vizuri, watoto wavae glavu, wahesabu mafuvu.

Anayetaka kutundika sanduku nyumbani naye aanze na maswali hayo hayo. Atumie mbao, maana sanduku la mabati litawaoka makinda kwa jua letu. Alitundike kivulini, mlango ukiepuka upande wa mvua. Aifunge nguzo kwa bati laini ili paka na nyoka wasipande. Achague ukubwa wa mlango kulingana na ndege anayemkusudia, na alisafishe makinda wakisharuka. La msingi zaidi, kama kuna mti mkavu usiomwangukia mtu, auache usimame. Tundu lililochongwa na kigogota halina gharama.

Vyombo vya kutusaidia tunavyo. Chama cha historia ya viumbe cha Afrika Mashariki kilianzishwa Nairobi mwaka 1909, na mwaka 1968 wanafunzi wa sekondari walianzisha vilabu vya wanyamapori ambavyo vimeenea nchini. Mwalimu wa Kiswahili hajazoea kuvitazama vilabu hivyo kama mali yake. Avitazame. Insha bora ya wasifu anayoitafuta inaweza kuwa imelala katika daftari la mtoto anayehesabu mara ngapi shomoro ameleta mdudu tunduni.

Wanahabari wetu wa michezo humwita mchezaji wa miaka 17 kinda. Neno hilo wamelitoa kiotani. Lugha imekwisha kuwaweka pamoja, mtoto wetu na mtoto wa ndege, chini ya jina moja. Anayesikia kwamba kinda ni yeye pia hatahitaji kuorodheshewa sifa za aliye tunduni. Atajua anahusika.